Mkono Kwenye Mkanda wa Begi

Maneno aliyoyasikia saluni kwamba bintiye amepata kazi mbali yalimganda mama mmoja, fundi cherehani, hata akashona mikono ya gauni kinyume. Alipouliza, binti akakiri.

"Nenda mwanangu, usinijali mimi."

Binti akanyanyua begi alilokwisha kulifunga.

"Ndiyo unaniacha hivyo?"

Akalitua.

"Sasa unabaki, watu waseme nimekuzuia?"

Binti akaketi sakafuni, akicheka huku machozi yanamtoka. "Mama yangu kipenzi, nikienda nimekutupa, nikibaki nimekuaibisha. Halafu hebu angalia mkono wako."

Mama akatazama. Vidole vyake vilikuwa vimeung'ang'ania mkanda wa begi. Akaanza kuvifungua, kimoja kimoja.

Mama mwenzangu, epuka kusema "nenda" huku umeshika begi; kuuliza ukweli kisha kuununia; kujifanya mgonjwa siku ya safari.