Mtoto wa Tatu wa Mwenyekiti

Wapambe wa Hukam Singh, tajiri aliyekitaka kiti cha kijiji, walimkuta mtoto mchanga jikoni kwa mwenyekiti, ndani ya pipa tupu la uwele, amelala fofofo. Wakambeba juu juu mpaka uwanja wa ofisi ya kijiji, ambako afisa wa wilaya alikuwa akingoja.

Mwenyekiti mwenyewe, Sugna Devi, alifika mbio nyuma yao, kichwa wazi, chupa ya maziwa ya mbuzi mkononi. Akawapokonya mtoto, akaketi naye chini.

"Kumbe ndiyo maana ya unene ule!" Hukam Singh akacheka. "Wawili wakubwa, na huyu wa tatu. Sheria si unaijua, mama mwenyekiti? Ukizaa wa tatu, kiti unakiacha."

"Tena anamnywesha ya mbuzi!" mtu akadakia. "Kifua kimekauka, tamaa haijakauka!"

Watu wakaangua kicheko. Sugna alitamani ardhi ipasuke immeze.

Muhula wa kwanza alikaa uwanjani hapa uso umefunikwa, mumewe Bhanwarlal akisema na kutia sahihi kwa niaba yake. Usiku akajifunza kuandika jina lake sakafuni kwa mkaa. Muhula wa pili akajifunua uso, akaenda wilayani mara kumi na nne, akarudi na bomba la maji. Zilibaki hatua mia tatu tu lifike mtaa wa chini, ambao wanawake wake walikuwa wakifukuzwa kwenye kisima cha watu wa tabaka la juu. Kiti kikienda kwa Hukam Singh, bomba lingekata kona kuelekea mashambani kwake, na hakuna asiyelijua hilo.

Afisa akafungua faili. "Mama, mtoto ni wako? Kama si wako, taja mama yake niandike, tuyamalize."

Bhanwarlal akachutama kando ya mkewe. "Mama Chunni," akanong'ona, "sema si wako. Fikiria maji. Sema, nakuomba."

Sugna akainua macho. Nyuma ya Hukam Singh aliketi Kesar, binti wa Hukam Singh huyo, aliyerudi wiki iliyopita kutoka kwa shangazi yake mjini. Alikuwa na homa, walisema, na alijitanda shali mpaka usoni. Kaka zake wawili walisimama kando yake na fimbo zao.

"Amemeza ulimi!" Hukam Singh akafoka. "Nyumba gani hii isiyo na haya? Mwanamke wa kwangu akithubutu kunifichia mtoto, namzika kwa mikono yangu, leo leo!"

Sugna alikata tamaa kabisa. Akamkumbatia mtoto kwa nguvu.

"Ni wangu," akasema. "Nimemzaa mwenyewe."

Bhanwarlal akajishika kichwa. Afisa akasogeza karatasi, naye Sugna akaandika jina lake, herufi moja moja, machozi yakidondokea wino. Wanawake wa mtaa wa chini wakajitwika mitungi yao mitupu, wakaondoka bila hata kumtazama.

Shangwe za wapambe zikamwamsha mtoto. Akalia kwa njaa.

Nyuma ya Hukam Singh, Kesar akakunja mikono kifuani upesi, lakini blauzi yake ilikuwa imekwisha kulowa maziwa.