Chaki kwenye Kioo

Kila asubuhi, kabla ya kushika mkasi, mama fundi cherehani alisikiliza rekodi moja kwenye simu yake: marehemu mumewe akimsomea vipimo vya shati la mteja. Kifua arobaini na mbili, shingo kumi na sita. Shati lilikwisha kuvaliwa hadi likachakaa, lakini sauti ya mume ilibaki hiyo moja tu.

Leo kidole chake kilikawia juu ya rekodi, na badala ya sauti likajitokeza neno sehemu ya chini ya kioo cha simu.

“We mwanangu, mbona haisemi?”

“Kioo kimejaa chaki, mama, itakusikiaje?” alijibu bintiye, macho kwenye mshono. “Futa kwanza.”

Na kweli, neno lilikuwa hilohilo: Futa. Akalibonyeza.

“Inaniuliza kama nina uhakika.”

“Hata simu imekuchoka! Iambie ndiyo.”

Akabonyeza ndiyo, akasubiri, kisha akaielekeza simu kwenye mwanga wa dirisha.

“Inanidanganya hii,” alisema. “Chaki bado ipo.”

Mguu wa binti ukasimama ghafla juu ya pedali ya cherehani.