Doa Lisilohama

Dancille alilisugua lile doa jeupe kwa ncha ya kitenge, likagoma kutoka. Lilikuwa pichani, ndani ya jicho la kulia la kitinda mimba wake.

"Ni mwanga wa kamera tu, mama," alisema binti yake mkubwa, akaendelea kusoma kazi ya shule kwa sauti. Wataalamu wa nyota wa zamani walikuwa wakitafuta nyota zenye mkia, wakawa wanadanganywa na vijiwingu vyeupe. Wakaviandika kwenye orodha, ili wakiviona tena wavipite.

"Walijuaje kuwa si nyota zenye mkia?" Dancille akauliza.

"Nyota yenye mkia inahama. Vijiwingu vilibaki palepale. Kumbe ndani yake mlikuwa na nyota maelfu kwa maelfu!"

Palepale. Dancille akamwaga picha zote mezani: ubatizo, Krismasi, theluji ya kwanza hapo Hallonbergen, Uswidi. Jicho lilelile, weupe uleule. Na yeye miezi yote hiyo alilaumu kamera.

Akampakata mtoto, akamziba jicho la kushoto kwa kiganja, akamtabasamia usoni kabisa.

Kicheko cha mtoto kilikatika. Akapapasa hewani, akaanza kulia.

"Mama! Mama, uko wapi?"