Rufaa ya Magodoro

"Wakikuuliza, sema hukuyachukua. Basi," fundi cherehani alimnong'oneza mkewe.

"Wakiniuliza nitajibu, baba watoto."

"Utajibu nini sasa?"

Mke akaikunja leso kiganjani, akaikunjua, akaikunja tena.

Walikuwa wamekaa kwenye benchi nje ya chumba cha baraza la rufaa. Mke alikuwa matroni wa bweni katika shule ya serikali. Magodoro mapya yalitoweka stoo, funguo anazo yeye, na Mwalimu Mkuu akaagiza gharama yote ikatwe kwenye mshahara wake. Mwezi wa kwanza tu, nusu ikaenda. Kodi ya nyumba ikawashinda, na mwenye nyumba wao hana mdomo mzuri. Rufaa ikikataliwa leo, wanahama.

Kilichomchoma fundi zaidi ni huyo Mwalimu Mkuu. Mtu wa sheria kupindukia! Hata mtoto aliyechelewa kengele husikilizwa kwanza ndipo aadhibiwe. Lakini matroni, mtu mzima, mama wa watu, hakuulizwa hata neno moja. Kisha, kama vile hajatosheka, akamtuma mlinzi nyumbani na ujumbe: muda wa kukata rufaa unakwisha, msizembee.

"Anatucheka huyo," fundi alisema siku ile, meno yameumana.

Mkewe alitaka alipe tu, yaishe. Fundi ndiye aliyemburuta mpaka hapa.

Mlango ukafunguliwa, wakaitwa.

Mwenyekiti wa baraza, mama mwenye miwani mizito, hakumuuliza matroni kitu. Alimgeukia Mwalimu Mkuu.

"Ulimpa huyu mama barua ya tuhuma kabla ya kumkata mshahara?"

"Sikumpa."

"Ulimwita ajitetee?"

"Sikumwita."

"Mwalimu! Si wewe unayewafundisha wenzako hizi taratibu?"

"Ni mimi."

"Na shauri ukalikalia mpaka muda wa kulianza upya umepita. Ulikuwa unaatamia mayai?"

Watu wakacheka chini chini. Mwalimu Mkuu akatazama sakafu. Fundi alifurahi mpaka akajionea haya.

Ghafla matroni akasimama.

"Mheshimiwa, mimi nina neno..."

"Kaa chini, mama!" Mwalimu Mkuu akamkatiza kwa ukali.

Fundi nusura aruke benchi. Hata hapa, mbele za watu, anamziba mkewe mdomo! Akamshika matroni mkono, naye akakaa.

"Hana haja ya kusema," mwenyekiti alisema, akimkodolea macho Mwalimu Mkuu. "Mama huyu hakusikilizwa, na hilo linanitosha. Agizo limefutwa. Alichokatwa arudishiwe chote. Shauri limefungwa na halifunguliwi tena. Nawe, Mwalimu, unapewa onyo kali, na litakaa kwenye faili lako mpaka ustaafu."

Fundi alitamani kupiga vigelegele kama mwanamke. Alipomtazama mkewe, akamkuta analia, wala si kilio cha furaha.

Huko nje kwenye korido akamwahi Mwalimu Mkuu, mishipa ya shingo imemsimama.

"Mwalimu! Mke wangu alikukosea nini hata umnyime nafasi ya kusema?"

Mwalimu Mkuu alitazama nyuma, akahakikisha mlango wa baraza umefungwa, kisha akamsogelea matroni na kumwinamia.

"Mama, wale waliosombewa nyumba na mafuriko, bado wanayalalia magodoro yetu?"

"Bado wanayalalia, Mwalimu," matroni akajibu papo hapo, bila kupepesa jicho.

"Umeona? Ndiyo maana sikukuita ujitetee."