Elias wa Juu ya Gati

Gideon aliingia kwa Rasmine bila kuvua viatu, akaweka keki mezani na kuketi kabla ya kukaribishwa. Rasmine aliitazama theluji ikiyeyukia kwenye zulia lake. Hata kuomba hajui, alijisemea.

Gideon alikuja kuombea mlima jina. Kile kilele kilicho juu ya gati, ambacho kwenye ramani kilibeba jina la mzungu aliyekiona kwa mbali tu akiwa melini, sasa kingepewa jina la mtu wa huku. Gideon alitaka kiitwe Elias, jina la marehemu baba yake. Kamati ya majina ilikubali, mradi binti wa Boas asipinge.

Binti wa Boas ndiye Rasmine. Zamani Elias na Boas walikwenda kuwinda dubu. Barafu ilipomeguka, Elias alirudi peke yake, na dubu aliyeuawa na Boas juu ya sleji, kile kigari cha kuburutwa na mbwa barafuni. Kamba iliyowafunga wawinda hao pamoja ilikuwa imekatwa kwa kisu. Wageni wakasimuliwa jinsi alivyopigana kumwokoa mwenzake, wakampa nishani. Kijijini walijua, wakanyamaza, kwa kuwa Elias ndiye aliyeshika duka pekee la kijiji. Siku hizi analishika Gideon.

"Dada yangu," Gideon alisema, keki imejaa mdomoni, "ya wazee tuwaachie wazee. Baba alistahili kitu kikubwa."

"Alistahili," alisema Rasmine.

Gideon akasahau kutafuna.

Kamati ilipokutana ukumbini, watu walimgeukia Rasmine, wakingoja amrarue Gideon. Rasmine alisema hana pingamizi, ila ana ombi moja.

"Msituletee marehemu bwana nani wala mheshimiwa nani. Elias, basi. Jina jepesi, hata mtu mwenye haraka alitamke."

Gideon alimkumbatia huku akilia. Rasmine alimvumilia kama anayevumilia mbwa aliyelowa.

Majira ya baridi, upepo uliporomoka kutoka kileleni kama kila mwaka, ukapasua boti gatini na kumfukia Abia, mvuvi, chini ya theluji pamoja na mbwa wake. Asubuhi Rasmine alipanga foleni dukani kununua sukari. Mbele yake, mwanamke mmoja aliweka kahawa yake mbele ya Gideon na kuulaani mlima, kama mama yake alivyoulaani, na bibi yake.

"Mwenye laana yule," alisema. "Elias ameua tena."