Kile Chembamba Kabisa

Bi Mwatumu, somo aliyewafunda maharusi wote wa mji ule na nusu ya wa mji wa pili, alileta ujumbe wa mume wa Zamzam: mwezi ukiisha mkewe bado anamkimbia kitandani, talaka.

“Nilikwambia ujikaze, mwanangu. Wenzio wote walijikaza, na hakuna aliyekufa.”

Zamzam akamwaga mkekani vijiti vitano laini vya plastiki, kila kimoja kinene kuliko mwenzake. “Mtaalamu wa mazoezi wa hospitali amenipa, Somo. Natia kimoja kimoja, misuli ya ndani ilegee, nisiumie tena. Nimefika cha tatu. Mwambie anipe miezi miwili.”

“Hakupi.”

Bi Mwatumu akaokota kile chembamba kabisa, akakifumbata.

“Na aliyejikaza miaka arobaini,” akauliza, macho yake mlangoni, “naye anaanza na hiki?”