Salamu ya Njia ya Kisimani

Nyani mwenye mvi, asiyetaka kuitwa mzee, alizoea kukaa kwenye njia ya kisimani. Digidigi hakuwa na njia nyingine.

"Shikamoo, bibi."

"Unanizeesha!" Nyani akafoka.

Kesho yake Digidigi akasema, "Mambo, dada?"

"Huna adabu!"

Siku iliyofuata akapita kimya.

"Ala! Unanidharau?"

Basi Digidigi akajifungia nyumbani, akiamini kasoro ni yake. Kiu ilipomzidi, akarudi.

"Leo nifundishe," akamwambia Nyani. "Mimi niwe wewe, na wewe uwe mimi. Haya, nisalimie."

Nyani akafungua kinywa, akakumbuka majibu yake mwenyewe, akakifunga.

Digidigi akashuka kisimani, akanywa hadi akashiba. Aliporudi, Nyani alikuwa bado anatafuta salamu, jasho likimtoka.